Kutoka Kutangaza Mpira hadi Kutengeneza Filamu ya Hali Halisi: Mwongozo kwa Watangazaji wa Mtwara na Lindi

Mtangazaji wa mpira amezoea kuuogopa ukimya. Kwa dakika tisini humweleza msikilizaji mpira uko wapi na nani anao, na akinyamaza kwa sekunde kumi tu, mtu anayesikiliza mechi ya Uwanja wa Nangwanda Sijaona akiwa Newala hudhani redio imekatika. Katika filamu ya hali halisi kazi hiyo ya kueleza hufanywa na picha, kwa hiyo ujuzi wa kwanza wa kujifunza ni kunyamaza.

Anza na mtu kabla ya klabu. Namungo ya Ruangwa iliingia Ligi Kuu msimu wa 2019/20, na msimu uliofuata ikafika hatua ya makundi ya Kombe la Shirikisho Afrika. Ndanda ya Mtwara ilishuka daraja mwaka 2020. Hayo umekwisha kuyatangaza. Filamu huanza unapompata, tuseme, mchezaji wa zamani ambaye sasa ni mkulima wa korosho, ukawa tayari kumfuata tangu anapoipulizia mikorosho dawa ya salfa katikati ya mwaka hadi minada inapoanza mwezi Oktoba. Mtembelee mara mbili au tatu bila kamera, maana mwenyeji akizoea sura yako kwanza, hata kamera hatajali sana.

Mahojiano ndiyo sehemu inayowashinda watangazaji wengi. Swali letu la uwanjani, "Mmecheza vizuri, siri ni nini?", huja na jibu lake ndani. Mwambie badala yake, "Nisimulie asubuhi ya siku ile ilivyokuwa." Akimaliza, hesabu kimoyomoyo hadi tano kabla ya kuuliza tena, kwa kuwa mara nyingi neno alilokuwa akilizuia hutoka hapo. Usiitikie "naam" au "ehee", kwani sauti yako itaingia juu ya yake; itikia kwa kichwa tu. Ukirekodi karibu na pwani, kama Mikindani, funika maikrofoni kwa manyoya ya kuzuia upepo, kisha urekodi dakika nzima ya sauti za mahali penyewe bila mtu kusema.

Omba kibali cha Bodi ya Filamu mapema. Kumbuka pia kwamba picha za mechi za Ligi Kuu si zako, hata kama sauti inayosikika ndani yake ni yako; haki zake zina mwenyewe, naye aombwe kwa maandishi.

Wakati wa kuhariri, andika mahojiano yote neno kwa neno, kisha tazama filamu nzima ukiwa umezima maelezo yako. Kila sentensi yako inayorudia kinachoonekana iondolewe, hata ile unayoipenda. Nakala ya kwanza mwonyeshe mhusika mwenyewe, ukae pembeni yake, na uandike kila mahali anapogeuza uso.