Namna ya kuanzisha ujirani kwenye mtaa mpya wa viwanja

Mradi wa viwanja 20,000 ulipoanza Dar es Salaam mwaka 2002, maeneo kama Kibada, Mivumoni na Buyuni yalipimwa kwanza, watu wakaja baadaye, mmoja mmoja. Kila mtaa mpya wa pembezoni huanza hivyo: ukuta, geti, mapagala mawili, pori, ukuta tena. Wenye kazi mjini hutoka alfajiri kuwahi foleni na kurudi usiku. Mchana hubaki mstaafu, mama mwenye kichanga na dada wa kazi. Hao ndio wapweke wenyewe, anzeni nao.

Kwa kikundi kimoja cha majirani chukueni nyumba 15, zisizidi 20. Mjulisheni kwanza mwenyekiti wa serikali ya mtaa, msije mkadhaniwa madalali. Nendeni wawili, mwanamume na mwanamke, Jumapili saa kumi jioni. Pigeni hodi kisha mrudi hatua mbili, mtu awaone vizuri kwenye upenyo wa geti. Msiombe kuingia. Andikeni jina, simu, na ndugu wa kupigiwa likitokea la kutokea. Wapangaji na walinzi wa mapagala waandikwe pia. Kikundi cha wenye nyumba peke yao hufa mapema, kwa kuwa wengi wao hawajahamia.

Kikao cha kwanza kifanyike kivulini au barazani dukani. Sebuleni kwa mwenye nyumba kubwa mpangaji hafungui mdomo. Ajenda iwe moja: kufyeka njia, au kufukia shimo linalokwamisha bodaboda.

Mkishazoeana, miezi mitatu hivi, ndipo muanzishe mfuko wa kufa na kuzikana, wa kusaidiana misibani. Shilingi 5,000 kwa kaya kwa mwezi zinatosha. Vikundi vingi huvunjikia hapa: pesa inakaa kwenye simu ya mweka hazina, inachanganyika na yake, msiba unatokea yuko safarini. Fungueni akaunti ya kikundi yenye watia saini watatu, na daftari lisomwe kila kikao. Turubai kodini, nunueni viti 20 na sufuria kubwa mbili, maana hivyo huazimwa kwenye hitima, kipaimara na maulidi. Majina ya wadaiwa yasiwekwe kwenye kundi la Wasap. Aliyeaibishwa hatoki tena getini; mfuateni kwake, mtu mmoja tu.

Kati ya kikao na kikao, tumieni sahani. Mpelekee jirani maandazi manne ya moto kwenye sahani nzuri ya nyumbani, umwachie. Kwa desturi hairudi tupu, na wa kuirudisha itabidi apige hodi kwako.