Kulitambua faili la DLL linalojipenyeza kwenye picha za gemu

Kompyuta nyingi za vibanda vya gemu hapa Mwanza, kuanzia Kirumba hadi Igoma, ni za mtumba, na gemu zake zimehama kutoka flashi moja hadi nyingine. Ndani ya folda ya gemu mara nyingi utakuta d3d9.dll, dxgi.dll au opengl32.dll. Usilifute kabla hujajua limefuata nini pale.

Majina hayo ni ya maktaba za picha za Windows yenyewe (maktaba, au DLL, ni faili la msimbo ambalo programu huliazima), na nakala halali hukaa C:\Windows\System32. Lakini gemu ikiomba d3d9.dll bila kutaja njia kamili, Windows huanza kutafuta kwenye folda ya gemu ndipo iende System32. Mafaili kama kernel32.dll na user32.dll yamekingwa na KnownDLLs, orodha ya mafaili ambayo Windows huyachukua kwake moja kwa moja. Haya ya picha hayamo humo. Kwa hiyo lililowekwa kando ya .exe ndilo linaloshika kazi. Hukaa katikati kama dalali wa soko la samaki la Mwaloni: hupokea amri za gemu, huongeza chake (rangi, kihesabu cha fremu), kisha huzikabidhi kwa maktaba halali. Kwa gemu za Direct3D, mfumo wa Microsoft wa kuchora picha, mahali linapopapenda zaidi ni Present, amri inayoitwa kila fremu inapokamilika.

ReShade, programu ya kuongeza madoido ya picha, hufanya hivyo. DXVK huvaa majina kama d3d9.dll na dxgi.dll, ila yenyewe hugeuza amri za Direct3D kuwa za Vulkan, mfumo mwingine wa kuchora. Opengl32.dll ya Mesa, programu huria ya picha, inaweza kuchora kwa prosesa pale ambapo draiva ya kadi ya picha haina OpenGL (nao ni mfumo wa kuchora) ya kutosha: gemu itafunguka, ila kwa kujikokota.

Ili kukagua, pakua Process Explorer kutoka kwa Microsoft, inayoonyesha mafaili ambayo kila programu imeyapakia, iendeshe kama msimamizi, washa gemu, chagua jina lake kisha bonyeza Ctrl+D. Ongeza safu ya Path. Hiyo safu ndiyo ya kuangalia, jina peke yake halikuambii kitu. Ukiona SysWOW64 usishtuke, ndiko zinakokaa maktaba za biti 32 kwenye Windows ya biti 64. D3dx9_43.dll au d3dcompiler_47.dll kwenye folda ya gemu ni wasaidizi wa kawaida. GameOverlayRenderer.dll ya Steam na RTSSHooks.dll ya RivaTuner (programu ya kuonyesha kihesabu cha fremu) zitaonekana zikitokea folda nyingine, maana hizo huingizwa gemu ikiwa tayari kwenye memori na kuandika upya baiti za mwanzo za Present.

Kisha, kwenye dirisha la amri ndani ya folda ya gemu, endesha sigcheck d3d9.dll; sigcheck ni zana ya Microsoft ya kukagua saini ya kidijitali ya faili, nayo hupakuliwa kivyake. Kukosa saini si ushahidi wa virusi, kwani programu huria nyingi hazisainiwi. Ila faili linalojitaja kuwa la Microsoft huku halina saini, liondoe. Usitegemee kichupo cha saini kwenye sifa za faili: mafaili mengi halali ya Windows hayakionyeshi, saini zao zimo kwenye katalogi, yaani faili tofauti la Windows lenye orodha ya saini.

Kujaribu bila faili hilo, funga gemu kwanza, libadilishe jina liwe d3d9.dll.zuia, kisha washa tena.

Kosa 0xc000007b kwa kawaida ni mchanganyiko wa biti: gemu ya 32 imepewa DLL ya 64, au kinyume chake. Gemu ikizima ghafla inapoanza, huenda mafaili mawili ya aina hii yanagombea Present, zima moja. Ikidai d3dx9_43.dll, sakinisha kifurushi cha DirectX cha Juni 2010, wala usipakue DLL moja moja kwenye tovuti za mitaani. Na kamwe usinakili DLL hizi za katikati kwenye System32, unaweza kuziharibia programu nyingine. Kwa gemu za mtandaoni ziondoe kabisa DLL hizo, kwani mfumo wa kuzuia udanganyifu unaweza kuifungia akaunti ya mteja.

Kwenye Linux kazi hiyo ya kukaa katikati hufanywa na mafaili ya .so (maktaba za huko) kupitia LD_PRELOAD, mpangilio unaolazimisha faili fulani lipakiwe kwanza. Kuona kilichopakiwa, soma /proc/PID/maps, ukiweka namba ya programu mahali pa PID. Ujumbe wa «wrong ELF class» ni kosa lilelile la biti, ila hapa programu hufunguka tu na faili hilo hupuuzwa.