Ukimtafuta mtu aliyeketi kwenye juri ya Crown Court

Bibi niliyekuwa nikimhudumia nyumbani kwake Bolton, Uingereza, aliniambia siku moja kwamba aliwahi kuketi kwenye juri, lile kundi la raia wanaoamua kesi, ya Crown Court. Si mahakama ya kweli; ni tamthilia ya kampuni ya televisheni ya Granada iliyorushwa mchana kwenye ITV ya Uingereza, 1972 hadi 1984, kesi zikisikilizwa katika mji wa kubuni uitwao Fulchester. Nikaapa nitamwona kwenye kanda za tamthilia hiyo. Kama nawe una shangazi au jirani aliyekaa pale, pita njia niliyopita mimi.

Usianze na majina ya mwishoni. Wale wa juri walikuwa raia waliochukuliwa kwenye daftari la wapiga kura. Walisikiliza kesi, wakaamua wenyewe, na waigizaji walijiandaa kwa miisho yote miwili. Kati ya wale 12, mwigizaji alikuwa kiongozi wao peke yake, kwa sababu yeye ndiye husema, na taratibu za Equity, chama cha waigizaji, zilitaka mwenye kusema awe mwigizaji. Basi mshike huyo kwanza: sura yake, sauti yake, masharubu kama anayo.

Muulize mtu wako kesi ilihusu nini, waliamua nini, na alivaa nini. Mwaka usimuulize, utamchanganya bure. Bibi alikumbuka wizi, "hana hatia", na blauzi ya kijani yenye utepe mkubwa shingoni.

Kesi kwa kawaida ina vipindi vitatu, kila kimoja kama dakika 25. Ruka uende cha tatu, kiongozi wa juri anaposimama kutoa uamuzi. Ukilingana na ulichoambiwa, rudi mwanzo, utazame polepole kila kamera inapopita kwenye nyuso.

Hapa nilipoteza wiki mbili. Nilikuwa natafuta kijani, na kwenye kanda ile blauzi ni kama ya kahawia. Usiiamini rangi, amini umbo la nguo, na zaidi amini mikono. Bibi alikuwa na mazoea ya kuzungusha pete kwa kidole gumba. Nikamwona hivyo hivyo, safu ya nyuma, wa pili kutoka kushoto: wakili anaunguruma, yeye anazungusha pete.

Andika kesi, kipindi na dakika papo hapo. Kisha mwonyeshe kwenye televisheni, si kwenye simu. Bibi alisogeza kiti karibu, hata hakujitazama. Alimtazama mshtakiwa. "Hakuiba yule kijana," akaniambia. "Niliwaambia wenzangu chumbani, hakuiba."