Jinsi ya kuelewa "by" ya Kiingereza: angalia kinachoifuata

Kama kuna neno dogo la Kiingereza linasumbua watu hapa Nairobi kuliko yale makubwa, ni "by". Mtu amesoma, kazini anaongea Kiingereza kutoka asubuhi mpaka jioni, barua anaandika, lakini ikifika "by" anabahatisha, na wengi hata hawajui kwamba wanabahatisha. Na si neno la kupuuza manake liko kwa notisi ya rent, liko kwa tangazo la kazi, liko kwa agrimenti ya shamba, liko kwa risiti, na mahali kama hapo ukilisoma vibaya unapoteza pesa ama nafasi.

Shida inaanzia vile tulifundishwa. Tuliandikiwa ubaoni by ni "na", ama by ni "kwa", tukakariri tukaenda nyumbani. Sasa ukikutana na "by Friday" ile "na" haiingii, "kwa" nayo haiingii, unabaki hapo. Njia ambayo mimi naiamini ni hii: ukiona "by" usiitafsiri kwanza, ruka uangalie kile kinachoifuata. Ni mtu? Ni siku ama saa? Ni namba? Ni njia ya kufanya jambo? Ni mahali? Hicho kinachofuata ndicho kinakuambia "by" imekuja kufanya nini, na ukishazoea kuangalia mbele hivyo karibu zote zinajifungua zenyewe.

Tuanze na siku na saa juu hapo ndipo watu wanaumia zaidi.

"Submit your application by Friday" maana yake ni Ijumaa isiishe kabla maombi yako hayajafika. Ukipeleka Jumanne sawa, Alhamisi sawa, Ijumaa yenyewe bado sawa, Jumamosi umechelewa. Ijumaa imo ndani. Kama hawangetaka yafike Ijumaa wangeandika "before Friday", na hapo mwisho wako ni Alhamisi. Ndio maana ukiambiwa ritani ya kodi ya mtu binafsi ya KRA, wale wa kukusanya ushuru, ni by 30 June, tarehe 30 yenyewe bado unahesabika uko ndani ya wakati, ingawa kungojea siku hiyo wakati kila mtu yuko kwa iTax, mtandao wao wa kujaza ritani, ni kujitafutia presha ya bure.

Mtego wenyewe uko hapa: Kiswahili chetu kina "hadi" na "mpaka", na zinabeba mizigo miwili kwa mara moja. Tunasema duka liko wazi hadi saa mbili usiku, na tunasema pia uko na hadi Ijumaa kulipa, na hakuna anayechanganyikiwa. Kiingereza kimegawanya hiyo kazi, moja imepewa "until", nyingine imepewa "by", na sisi tukiingia huko tunabeba "until" tunaiweka kila mahali. Mtu anaandikia landlodi "I will pay until 5th". Yeye amemaanisha ikifika tarehe 5 atakuwa amelipa, lakini alichoandika ni kwamba ataendelea kulipa, alipe tena na tena, halafu tarehe 5 aache kulipa. Landlodi mzuri ataelewa. Lakini andika hivyo kwa imeli ya kazi, kwa mteja ambaye hakujui, na utaonekana hujui unachosema.

Sasa kujipima ni rahisi. Toa "hadi" kichwani uweke "kufikia". Jaribu kusema "nitamaliza kufikia saa kumi", inaingia vizuri, basi hiyo ni by: "I will finish by four". Jaribu "nitangoja kufikia saa kumi", unasikia imekataa? Hiyo ni until: "I will wait until four". Kungoja, kulala, kukaa, kufanya kazi, hizo zinaendelea bila kukatika mpaka zifike mahali zisimame. Kulipa, kufika, kutuma, kumaliza, hizo zinatokea mara moja zinaisha, na by inaziwekea tu ukuta ambao hazifai kupita.

Halafu kuna "by the time", ambayo inapenda kutembea na "had" ama "will have". Ukisikia kwa Kiswahili unataka kusema ilikuwa imeshaisha, nitakuwa nimeshaondoka, yaani kuna jambo litakuwa limekamilika lingine likija, hapo ndipo mahali pake. "By the time the matatu reached Githurai, the rain had stopped." Mathree inafika Githurai mvua ilikuwa imeshaacha. Watu wengi huandika "the rain stopped" na inaeleweka, lakini ile "had" ndiyo inasema mvua ilitangulia.

Namba nazo. Hapa naomba usome polepole.

"Increased by" na "increased to" si ndugu. "By" ni kile kimeongezwa, "to" ni mahali tumefika. Tuseme unalipa 10,000. Notisi ikisema "rent will be increased to 12,000" umeongezewa 2,000. Ikisema "increased by 12,000" utalipa 22,000. Herufi mbili tu na unahama nyumba. Mara nyingi aliyeandika notisi ndiye amechanganya, kwa hivyo usipige kelele kwanza, mwandikie umuulize "kodi mpya ni ngapi kwa jumla" na ubaki na jibu lake kwa maandishi. Mfano mwingine ambao sote tuliusikia ni VAT ya mafuta mwaka wa 2023. Ilitoka asilimia 8 ikaenda asilimia 16. Kwa hivyo ilipanda to 16, na ukihesabu hatua ilipanda by 8. Mtu akisema ilipanda by 16 anakuambia hatua 16 juu ya zile 8, yaani tungekuwa tunalipa 24, na hatulipi hiyo. Ukizingatia hii moja tu utasoma habari za uchumi ukiwa na macho tofauti.

Bado kwa namba, kuna "by" ya vipimo, na hii Nairobi tunaijua kuliko hata Waingereza juu hakuna mtu hapa hajasikia "fifti bai handredi". Ploti ya 50 by 100 ni futi 50 upande mmoja na futi 100 upande ule mwingine. Hapo by ni "kwa", hamsini kwa mia, na ukizizidisha unapata futi mraba 5,000. Wauzaji wengi wanaiita eighth, lakini chukua kalamu: ekari moja ni futi mraba 43,560, ukigawanya kwa nane unapata 5,445. Kwa hivyo 50 by 100 imepungua futi mraba 445 ili iwe eighth kamili. Si lazima iwe wizi, manake ekari ikikatwa ploti nane za 50 by 100 zinabaki futi mraba 3,560 na mara nyingi huko ndiko barabara ya ndani inapita, lakini ni vizuri ujue unanunua nini. Na hati ikija itaandika hekta, utaona kitu kama 0.046, usishtuke ukadhani umekatiwa, ndiyo hiyo hiyo 50 by 100 imegeuzwa vipimo.

Mbao za hadwea ni vilevile, 4 by 2 ni inchi nne kwa mbili. Gari ya 4 by 4 ndiyo inafanana lakini haipimi ukubwa: nne ya kwanza ni magurudumu yote, nne ya pili ni yale yanayosukumwa na injini. Gari yenye magurudumu manne na mawili tu ndiyo yanasukumwa inaitwa 4 by 2, kama mbao.

Kukifuata mtu, "by" ni mtendaji, na hapa Kiswahili kinatusaidia vizuri sana tukikisikiliza. Sema: "Mlango ulivunjwa na mwizi kwa nyundo." Umeona? "Na" ya mwizi ni by, "kwa" ya nyundo ni with. "The door was broken by a thief with a hammer." Anayetenda anachukua by, chombo kilicho mkononi kinachukua with, na ukiandika "broken with a thief" umemfanya mwizi kuwa ndiyo nyundo. Zamani Kiingereza kilitumia sana "of" mahali hapo, na wale wanasoma Biblia ya King James ya mwaka 1611 wanakutana na "baptized of him" wanashindwa, ni by tu ya leo.

Hii ya mtu ina kazi kubwa kwa makaratasi. Chukua diliveri noti yoyote ya Industrial Area, chini utapata mistari: "Prepared by", "Checked by", "Delivered by", "Received by". Vijana wengi wanaopokea mzigo wanasaini popote pana nafasi. Usifanye hivyo. "Delivered by" ni yule dereva ama taniboi ameleta. "Received by" ni wewe unayepokea. Na "Checked by" ni wewe kama tu umehesabu, manake ukiweka saini hapo umesema umefungua, umehesabu, na katoni ziko zote, na zikikosekana baadaye jina lililo hapo ni lako. Kama hujahesabu, pokea, lakini huo mstari uache.

Kukifuata njia ya kufanya jambo, ni "kwa" yetu ya kawaida, hapa sitakaa sana. By bus, by matatu, by road, by phone, by imeli, by M-Pesa. Cha kukumbuka ni kwamba hapo katikati hakuingii "the" wala "my". Ukiwa unataka kusema gari yangu, by inaondoka: "in my car", "on the bus". Miguu haitaki by, ni "on foot", na pesa taslimu ni "in cash", ile "by cash" tunaisikia kila siku lakini kwa barua rasmi iache. Ukifuatwa na kitendo unaweka ile ya ing, "by pressing the red button", yaani kwa kubonyeza. Na kipimo cha kuuza ama kulipa kinarudisha "the": mtu wa mjengo analipwa "by the day", nyanya zinauzwa "by the crate" ama "by the kilo".

Mahali ni ile ya asili kabisa. Kiingereza cha kale kilikuwa na "bi", karibu ama kando, na Mjerumani bado ana "bei" yake. "The kiosk by the gate", kibanda kando ya geti. Baipasi zetu zote nne, Southern, Eastern, Northern na Western, zimebeba hiyo maana mpaka leo: barabara inayokupitisha kando ya mji bila kukuingiza ndani.

Kuna zingine huwezi kuzifungua kwa hii njia, unazikariri tu na jirani zake. By heart ni kukariri kichwani. By mistake, bila kukusudia. By birth utaipata kwa Katiba ya 2010, Kifungu cha 14, raia wa kuzaliwa, na cha 15 ni by registration. By myself ni peke yangu, ama bila kusaidiwa, na tafadhali usiichanganye na "on my own" ukatoa "by my own", hiyo haipo. "Hard to come by" ni kitu kigumu kupata.

Lakini "by all means" nataka tuiangalie, juu sisi tumeipa maana yetu. Hapa mtu akisema "I must get that job by all means" anamaanisha iwe isiwe, liwalo na liwe. Mgeni anayesikia hivyo anashangaa kidogo, manake kwake "by all means" ni jibu la heshima, la kukubali. Unamuuliza mtu "May I sit here?" anakujibu "By all means", yaani karibu, keti tu. Kwa hivyo ukiwa kwa intavyuu ukiulizwa kama unaweza kupigiwa simu baadaye, "by all means" ni jibu zuri. Ukitaka ile ya iwe isiwe, sema "at all costs". Na "by no means" ni hata kidogo, la hasha, usidhani ni kinyume cha ile ya kukubali tu.

By-law, zile sheria ndogo za kaunti ambazo kanjo wakikushika unatajiwa, hiyo by kwa asili si hii yetu, inahusishwa na neno la Waviking la kijiji ama mji, ndilo liko kwa majina ya miji ya Uingereza kama Grimsby na Whitby. Na "bye" ya kuagana ni kipande cha "God be with you". Ukikutana nazo usizilazimishe.

Sasa jipime na hii sentensi, ina nne: "The 50 by 100 plot by the bypass will be fenced by the fundi by Friday." Ya kwanza imefuatwa na namba, ni kwa. Ya pili mahali, ni kando ya. Ya tatu mtu, ni na. Ya nne siku, ni kufikia. Ploti ya hamsini kwa mia iliyo kando ya baipasi itawekwa fensi na fundi kufikia Ijumaa. Ijumaa ikipita na waya haijaguswa, uko na haki ya kumuuliza. Ungekuwa uliandika "until Friday", fundi angetoa vyombo vyake Ijumaa jioni, fensi ikiwa nusu, na kwa karatasi yeye ndiye angekuwa sawa.