Umegongwa kwenye kivuko cha reli Dar: namna ya kudai fidia ukiwa Unguja au Pemba

Kwetu hakuna treni tena. Reli ya mjini hadi Bububu ilishang'olewa zamani. Kwa hivyo Mzanzibari aliyeumia kwenye kivuko cha reli Dar es Salaam akirudi nyumbani hajui pa kuanzia. Mimi nashughulikia madai ya ajali, na ninavyoona, mengi hufa kwa tarehe na karatasi, si kwa kukosa haki.

1. PF3, yaani fomu ya polisi ya aliyeumia. Ichukue kituo cha polisi cha eneo la ajali, kabla ya kupanda boti. Ukitibiwa Muhimbili kisha ukaendelea Mnazi Mmoja ya Unguja, weka karatasi za kote kuwili.

2. Kipige picha kivuko chenyewe. Hapa ndipo kesi ilipo. Treni haisimami ghafla wala haikwepi, hivyo kuuliza "mbona dereva hakufunga breki" hakukufikishi mbali. Swali ni kama honi ilipigwa, na kama kivuko kilikuwa katika hali ya kumwonya mtu. Geti lipo? Limevunjika? Mlinzi alikuwepo? Bango linasomeka au limezibwa na vibanda na majani? Mtume mtu asimame pale pale ulipokuwa, saa ile ile ya ajali, apige picha usawa wa macho kuelekea treni ilikotokea, kisha arudi nyuma hatua chache apige tena. Afanye haraka, maana majani hufyekwa na geti hutengenezwa. Kisha awaulize mama ntilie na bodaboda wa hapo, wao wanakiona kivuko kila siku. Achukue majina na namba za simu.

Wakili wako mwambie kweli tupu. Kama ulikuwa na spika za masikioni au ulipenya geti limefungwa, upande wa pili utalisema, na mahakama ina uwezo wa kugawa lawama. Ikikubebesha theluthi, fidia ya milioni 30 inakuwa milioni 20. Kupunguziwa si kushindwa.

3. Jua unamdai nani. Dar kuna reli za TRC (Shirika la Reli Tanzania) na ya TAZARA, ambayo ni ya Tanzania na Zambia kwa pamoja. Watu huzichanganya, na barua ikienda kusiko unapoteza miezi. Kama ulikuwa abiria wa daladala lililojitia relini, mtazame pia dereva, mwenye gari na bima yake. Namba ya gari inatosha kuhakiki bima kwenye mfumo wa TIRA, mamlaka inayosimamia bima.

4. Notisi ya siku 90. Tangu mabadiliko ya sheria ya mwaka 2020, shirika la umma kama TRC huwezi kulishitaki mpaka kwanza ulipelekee notisi ya siku 90, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali, ambaye naye huunganishwa kwenye kesi. Huyu ni wa Jamhuri ya Muungano. Wa Zanzibar ni mwengine, na barua yako haimhusu.

5. Mahakama. Ajali ya Bara inafuata sheria za Bara. Kesi dhidi ya shirika la umma hufunguliwa Mahakama Kuu ya Tanzania, na madai ya uzembe yana ukomo wa miaka mitatu. Mazungumzo ya "njoo wiki ijayo" hayasimamishi saa hiyo.

6. Hesabu ya hasara. Maumivu na ulemavu hukadiriwa na hakimu au jaji. Gharama ulizotoa mfukoni ni lazima zitajwe moja moja na kuthibitishwa: dawa, magongo, nauli, kipato kilichokatika. Muuza samaki asiye na hati ya mshahara atafute daftari lake la mauzo, na mnunuzi wake wa kila siku awe shahidi. Barua ya sheha inasaidia kuonesha wewe ni nani na unaishi wapi, lakini haithibitishi kipato. Tiketi za boti za kwenda kliniki nazo zimo, zako na za aliyekusindikiza. Zile karatasi za mashine hufifia baada ya miezi michache, kwa hivyo zitoe kopi mapema na uandike kila moja ilikuwa ya safari gani.