Mkate wa chachu katika joto la Kisumu

Wiki jana shemeji yangu wa Nakuru alinipigia simu jioni: "Shem, unga umekataa kuumuka, nimeungoja tangu asubuhi." Mimi hapa Kisumu nateswa na kinyume chake, unga huumuka ukanitoroka. Tulimalizana kwa simu, kisha nikaona heri niandike.

Kabla ya yote, nunua mizani ndogo ya jikoni. Vikombe waachie wapishi wa uji. Kikombe kilekile cha unga leo kitakupa gramu 120, kesho 150, na hapo mkate umeshabadilika.

Hatua ya 1: Chachu

Chachu ndiyo hamira yetu ya nyumbani, unga na maji vilivyoachwa vichache. Changanya gramu 50 za unga wa wimbi au atta (ngano isiyokobolewa) na gramu 50 za maji ndani ya chupa ya kioo. Maji ya mfereji yalale wazi usiku mmoja kwanza. Kila siku bakisha gramu 50 za mchanganyiko, ongeza unga na maji kwa kipimo kilekile. Napendelea wimbi kwa sababu huchacha upesi. Aliyekulia kwenye uji wa kuchacha ataitambua harufu.

Siku ya pili au ya tatu itafoka povu, halafu itanyamaza kama maiti. Usiimwage! Povu lile la kwanza ni la bakteria tu, hamira ya asili huja nyuma yao. Endelea kuilisha mpaka iwe inapanda mara mbili ndani ya saa chache. Baada ya wiki ya kwanza, mchanganyiko unaoutoa kila siku utie kwenye chapati.

Hatua ya 2: Kukanda

Unga mweupe wa ngano gramu 500, maji 330, chumvi 10, chachu iliyopanda 100. Kanda kama wa chapati, ila huu uwe laini zaidi.

Hatua ya 3: Kuumua

Hapa niliharibu mikate minne. Maelekezo niliyofuata yalisema donge lilale mezani usiku kucha. Aliyeyaandika bila shaka jiko lake ni la baridi. Langu, saa nne za usiku mwezi wa Februari, lilikuwa na nyuzi 28. Asubuhi nilikuta beseni limefurika na kitambaa kimegandamana. Kuinua donge, likavutika kama mrenda. Nikaongeza unga, nikakanda, nikaongeza tena, saa tatu zikaenda bure. Asidi ikizidi hukatakata gluteni, ule wavu unaoshika hewa, na ukishafika hapo hakuna kurudi.

Siku hizi chachu naipunguza hadi gramu 50, na maji nachota kwenye mtungi wa udongo. Ya friji pia yanafaa, lakini stima ikipotea mtungi hauna habari. Nikimaliza kukanda nakata kipande kidogo cha donge, nakibandika chini ya glasi nyembamba iliyonyooka, kisha nafunga mpira pale kilipofika. Beseni hudanganya macho kwa kuwa limepanuka juu. Glasi ikae imegusana na beseni, mbali na dirisha, la sivyo kipande kitapata joto lake na donge lake.

Mara tatu katika saa mbili za kwanza, lowesha mkono, vuta ukingo wa donge, ukunje juu yake.

Kipande kikipanda nusu ya kimo chake, nimemaliza, saa iseme itakavyo. Wengi hukwambia ungoje mpaka donge liwe mara mbili. Huku usithubutu: donge lenye joto huendelea kuumuka hata ndani ya friji mpaka lipoe. Kwangu huchukua saa nne hivi, siku ya mvua tano.

Shemeji yuko mita 1,850 hivi juu ya bahari, na baridi ya Nakuru anaijua mwenyewe. Nilimwambia arudi kwenye gramu 100 za chachu, atumie maji vuguvugu, beseni aliweke karibu na jiko lililotoka kuzimwa. Liliumuka.

Hatua ya 4: Kuunda

Viringisha, weka kwenye kikapu chenye kitambaa kilichonyunyiziwa unga, friji hadi kesho.

Hatua ya 5: Kuoka

Mwenye oveni: nyuzi 230, ndani ya sufuria nzito iliyokwisha kupata moto, dakika 20 na kifuniko, 20 nyingine bila. Chana mgongo wa donge kwa wembe kwanza.

Mimi naoka kwa makaa. Sufuria kubwa kuukuu, mchanga mkavu kidogo na mawe matatu chini, bati lenye donge juu yake, kifuniko cha chuma. Makaa machache chini, mengi juu, dakika 45 hivi. Usifunuefunue, mvuke ndio unaofanya ganda.

Kuna wanaopima kwa kipimajoto wakingoja nyuzi 98 katikati ya mkate. Nakuru maji huchemka kwenye nyuzi 94 hivi, na katikati ya mkate hapapiti hapo. Shemeji angengoja mpaka mkate uwe makaa. Ugonge tako. Ukilia kama ngoma, umeiva.

Ungoje saa mbili ndipo ukate. Chachu iliyobaki iweke friji, uilishe mara moja kwa wiki. Maji meusi juu yake hayadhuru, yamwage tu. Ukiona mistari ya waridi au rangi ya chungwa, tupa yote, uchemshe chupa, uanze tena na wimbi.