Jinsi ya kuandika tamthilia ya upelelezi miaka na miaka bila kuishiwa: jifunze kwa Herbert Reinecker

Kama unaandika tamthilia za upelelezi au unatamani kuanza, acha kwanza kuhangaika kutafuta stori ambayo haijawahi kuandikwa duniani, kaa chini umsome Herbert Reinecker. Huyu mzee wa Kijerumani alizaliwa Hagen Desemba 1914, akafariki Januari 2007, na katikati hapo aliandika episodi zote 97 za Der Kommissar, halafu zote 281 za Derrick, zote mbili ni tamthilia za upelelezi za televisheni ya Ujerumani. Yaani zote, jina la mwandishi ni lake mwanzo mwisho, hakuna timu ya watu wanaogawana sini. Jumlisha, ni 378. Der Kommissar ilianza Januari 1969 ikaisha Januari 1976, Derrick ikaanza Oktoba 1974 ikaenda mpaka Oktoba 1998, kwa hiyo kuna zaidi ya mwaka mzima zote mbili zilikuwa hewani kwa pamoja kwenye ZDF, kituo cha televisheni cha Ujerumani, na mwandishi ni huyo huyo. Derrick peke yake ukigawanya unapata kama episodi moja kila mwezi kwa miaka 24, na kila moja inakaa karibu saa nzima.

Watu wakisikia hivyo wanasema ah, kipaji. Sawa, kipaji kipo, ila mi nikiangalia kazi zake naona kitu kingine, jamaa alijifunga mwenyewe. Aliamua vitu gani havitaguswa kabisa halafu nguvu zote akazipeleka kwenye kile kidogo kinachobadilika. Na hilo unaweza kuliiga hata kama hujawahi kuandika skripti hata moja.

Kwa hiyo kazi ya kwanza ni kuorodhesha visivyobadilika, kabla hujaandika hata sini moja. Kwa Derrick, mji ni München. Mpelelezi ni Stephan Derrick (aliigiza Horst Tappert), msaidizi ni Harry Klein (Fritz Wepper), prodyuza ni Helmut Ringelmann ambaye ndo alikuwa na Der Kommissar pia. Ofisi, gari, mlango unagongwa, mtu anafungua, anaambiwa kuna kifo. Hata Harry Klein mwenyewe hakutungwa upya, alitolewa kwenye Der Kommissar alikokuwa msaidizi kijana wa Kommissar Keller (huyo ni Erik Ode), akahamishiwa kwa Derrick, na pengo lake likazibwa na Elmar Wepper, mdogo wake Fritz wa kuzaliwa, akicheza kama ndugu yake Harry. Unaona akili hiyo? Mtazamaji anaingia kwenye tamthilia mpya tayari ana mtu anayemjua.

Hapa pia kuna jambo ambalo waandishi wengi wa sasa watalipinga ila mi nalisimamia: mnyime stelingi wako matatizo binafsi. Siku hizi mpelelezi lazima awe mlevi, ameachika, mtoto hamuongeleshi, na dakika 20 zinaishia kwake. Derrick maisha yake ya nyumbani karibu hayapo, mwanzoni mwanzoni wanapita wanawake wachache na baadaye hilo nalo linafifia. Ile nafasi yote inabaki kwa mjane, kwa mtoto wa tajiri, kwa muuaji. Ndo maana waigizaji wakubwa kama Lilli Palmer na Maria Schell walikubali kuja kama wageni wa episodi moja, kwa sababu mgeni ndo anapewa nyama ya stori.

Ukishamaliza hapo tafuta nyumba. Sio maiti, nyumba. Reinecker alipenda sana majumba ya wenye pesa wa München, bustani safi, watu wanaongea kwa adabu, na ndani wanatafunana. Fanya hivi: andika ukurasa mmoja au miwili kuhusu watu watano wa nyumba moja kabla hakijatokea chochote. Nani anamtegemea nani kwa pesa, nani anamuonea nani aibu, baba anamdharau nani mezani, nani anajua jambo ambalo wengine hawajui na amelinyamazia muda mrefu. Usiweke bunduki, usiweke sumu. Ukiona tayari unajua nani kati yao angeweza kuua na nani angemficha, hapo ndo uue mtu. Ukiona hujui, basi nyumba haijaiva, na usijaribu kuiokoa kwa kuongeza kidokezo cha alama za vidole maana mtazamaji atasikia tu kwamba ni maneno ya kujaza muda. Faida ya hii njia ni kwamba mwezi ujao hutafuti mauaji mapya, unatafuta familia nyingine, na familia hazitakuishia.

Halafu amua mapema mtazamaji atajua nini na lini. Hili mi naona ndo somo zito kuliko yote kwa Derrick. Episodi za kwanza za mwaka 1974 zilikuwa zinakuonyesha muuaji mapema kabisa, wewe unajua, Derrick hajui, na utamu ni kumuangalia anavyomsogelea taratibu mpaka yule mtu anakosa pa kupumulia. Watazamaji wengi Ujerumani hawakuupenda huo mtindo, walizoea kubahatisha nani kaua, na kadiri muda ulivyoenda tamthilia ikarudi zaidi kwenye kuficha. Mi binafsi zile za mwanzo nazipenda zaidi, ila ujue bei yake: ukimuonyesha muuaji dakika ya tano lazima awe mtu ambaye tunataka kukaa naye dakika 55 zinazobaki, hofu yake iwe inaeleweka, uongo wake uwe na akili. Ukificha, unaweza kusamehewa muuaji wa kawaida kwa sababu mtazamaji yuko bize anabahatisha. Chukua ile nyumba yako uandike sini tatu za mwanzo kwa njia zote mbili, utajua wewe mwenyewe ipi inakaa.

Kwenye mazungumzo sasa. Ukisikiliza watu wa Reinecker utagundua wanarudia maneno ya mwenzao. Mfano huu nimeutunga mimi:

– Ulikuwa wapi jana usiku?
– Jana usiku?
– Ndiyo, jana usiku.
– Nilikuwa hapa. Nyumbani.
– Peke yako?
– Peke yangu, ndiyo.

Ukisoma kwenye karatasi unaona ni upuuzi, lakini mpe mwigizaji mzuri na kamera imkae usoni, ule mrudio wa kwanza ni mtu anajinunulia sekunde za kufikiri na sisi tunaona kabisa anazinunua. Ni silaha nzuri na haina gharama, haihitaji gari kulipuka. Ila ina kipimo. Kwenye episodi nyingi za miaka ya 80 mwishoni na ya 90 mambo yanakuwa mazito mno, kila mtu anaongea kama mwanafalsafa, Derrick anasimama katikati ya sebule anatoa hotuba kuhusu hatia na jamii, na mwendo unakufa. Kwa hiyo jiwekee sheria ya hotuba moja tu kwa skripti, nyingine yoyote futa hata kama unaipenda.

Usidhani pia alianzia kwenye televisheni. Der Kommissar inaanza yeye ana miaka 54. Kabla ya hapo alishaandika sinema nyingi, Canaris ya 1954 ilimpa tuzo ya filamu ya Ujerumani kwa skripti, Der Hexer ya 1964 kwenye ule mfululizo wa filamu za vitabu vya Edgar Wallace, mwandishi wa Kiingereza wa hadithi za upelelezi, ni yake, na nyingine za mfululizo huo akaziandika kwa jina la Alex Berg. Kasi yake ilitengenezwa huko, kwenye filamu za kuagizwa, tarehe imepangwa na studio imeshalipiwa. Ukipata kazi ndogo ya kuagizwa yenye tarehe ya mwisho, ichukue.

Na kuna sehemu nyingine ambayo lazima uisome, usiiruke. Enzi za Wanazi Reinecker alikuwa mhariri wa magazeti ya vijana wa Hitler, kisha mwandishi wa habari za vita upande wa Waffen-SS (jeshi la SS, kikosi cha chama cha Wanazi), na alishiriki kuandika Junge Adler ya 1944 na Alfred Weidenmann, ambaye miaka mingi baadaye aliongoza episodi za Derrick. Mwaka 2013, Tappert akiwa ameshafariki, ikajulikana kwamba naye alikuwa Waffen-SS, ZDF wakasema hawatairudia tena Derrick. Mi ushauri wangu chukua ufundi wake lakini umsome macho yakiwa wazi. Angalia jinsi hatia inavyozungumzwa kila episodi, na jinsi karibu kila mara inavyobaki kuwa hatia ya mtu mmoja, ndani ya nyumba moja, na mara ngapi yule mzee mwenye villa anaulizwa alikuwa wapi wakati wa vita. Kila mwandishi ana swali ambalo mpelelezi wake haulizi. Andika lako pembeni ya ile orodha ya visivyobadilika, halafu episodi yako ya pili au ya tatu mpe mpelelezi aliulize, tena amuulize mtu anayemheshimu.